Kristo Katika Vilima vya Murang'a

Katika mji wa Murang'a, ambao wakati wa ukoloni uliitwa Fort Hall, lipo kanisa kuu la Anglikana lenye jina la Mtakatifu Yakobo na Mashahidi Wote. Ndani yake mna michoro mitano mikubwa iliyochorwa mwaka 1959 na Elimo Njau, Mchagga wa Marangu, akiwa bado hajatimiza miaka 30. Inamwonyesha Yesu akizaliwa, akibatizwa, akila karamu ya mwisho na wanafunzi wake, akiomba Gethsemane, na akifa msalabani. Yesu huyo ni Mwafrika. Nchi anamozaliwa na kufia ni nchi ya vilima na mashamba, ile ile ambayo mwumini wa Murang'a anaikuta tena nje akimaliza ibada.

Wanaoisifu michoro hii wamezoea kusema jambo moja, kwamba mchoraji wetu alimpa Yesu rangi yetu. Ni kweli, na kwa mwaka 1959 halikuwa jambo dogo. Lakini nadhani sifa hiyo imekuwa nyepesi mno. Tukishaitamka tunaona tumemaliza, tunapita, hatutazami tena. Rangi ya Yesu ndiyo sehemu rahisi ya kazi hii. Sehemu ngumu ni mahali ilipowekwa: ndani ya jengo lililojengwa kuwakumbuka wafu fulani, katika nchi yenye wafu wengine wengi ambao jengo hilo halikujengwa kwa ajili yao.

Nianze na ile rahisi, niimalize haraka. Wengi wetu tulikulia mbele ya Yesu wa kalenda, mwenye nywele za dhahabu na macho ya buluu, aliyetundikwa sebuleni kati ya saa ya ukutani na picha ya rais. Hakuna aliyetufundisha kwamba ndivyo alivyokuwa, na hakuna aliyetuambia kwamba sivyo. Njau alisoma Makerere, katika shule ya sanaa iliyoanzishwa na Mwingereza Margaret Trowell, na huko wanafunzi walihimizwa kuchora kwa macho yao wenyewe, hata habari za Biblia. Mchagga mwenzake, Sam Ntiro, alikuwa amekwisha kupita njia hiyo kabla yake. Kwingineko pia milango ilikuwa inafunguka: mwaka 1958 kule Kamina, Kongo, kwaya iliimba Misa kwa nyimbo na ngoma za kwao, ile inayojulikana kama Missa Luba. Basi Njau hakuwa peke yake. Na leo Yesu mweusi yuko kwenye vitenge vya akina mama na kwenye kadi za Krismasi za bei poa. Kama thamani ya michoro ya Murang'a ingekuwa rangi tu, ingekuwa imekwisha kutumika yote.

Sasa jengo lenyewe. Hali ya Hatari ilitangazwa Kenya tarehe 20 Oktoba 1952, na haikuondolewa hadi Januari 1960. Katika miaka hiyo nchi ya Wakikuyu iligawanyika mpaka ndani ya nyumba. Mau Mau walilisha watu kiapo cha kupigania ardhi na uhuru. Wakristo wengi walikula, wengine kwa hiari na wengine kwa kulazimishwa. Lakini walikuwako waliokataa, hasa watu wa Uamsho, wale walioitwa Ahonoki, yaani waliookoka. Baadhi yao walikataa kiapo na wakakataa vilevile kupokea bunduki za serikali, hivyo wakasimama katikati bila ngao ya upande wowote. Wako waliouawa. Kwa ajili ya hao kanisa la Fort Hall lilijengwa, na mwaka 1955 Askofu Mkuu wa Canterbury, Geoffrey Fisher, alikuja kuweka jiwe la msingi. Ndiyo maana ya yale maneno "na Mashahidi Wote".

Sitaki mtu aipunguze heshima ya watu hao. Kufa kwa kukataa kuua ni jambo ambalo wengi wetu hatutajua kamwe kama tungeliweza. Lakini tazama pia siku jiwe lilipowekwa. Mwaka 1955 serikali ilikuwa ikiwahamisha Wakikuyu zaidi ya milioni moja kutoka kwenye miji yao iliyotawanyika vilimani na kuwasonga katika vijiji vilivyozungukwa na mahandaki na miti iliyochongoka. Makumi ya maelfu walikuwa kizuizini bila hukumu. Mahakama zilipeleka watu zaidi ya 1,000 kwenye kitanzi katika muda wote wa vita. Kwa hesabu za serikali yenyewe, wapiganaji zaidi ya 11,000 waliuawa, na raia Waafrika waliouawa na Mau Mau walikuwa 1,800 na kidogo. Hao 1,800 walikuwa na wajane na mayatima, na hao 11,000 pia. Kanisa la ukumbusho liliwekewa jiwe huku upande mmoja wa wafu ukiwa na jina, na upande mwingine ukizikwa pasipo alama.

Ugawanyiko huo ulipita hata katika nyumba ya askofu. Obadiah Kariuki, mtu wa Uamsho, aliwekwa wakfu mwaka huo huo wa 1955, mmoja wa Waafrika wawili wa kwanza kuwa maaskofu Waanglikana Kenya, na baadaye akawa askofu wa Fort Hall. Mkewe alikuwa binti wa Chifu Mkuu Koinange. Koinange alikuwa kizuizini. Binti mwingine wa Koinange alikuwa ameolewa na Jomo Kenyatta, naye Kenyatta alikuwa kifungoni Lokitaung kwa kosa la kuiongoza Mau Mau. Kwa hiyo askofu wa kanisa la mashahidi alikuwa na baba mkwe kizuizini na shemeji gerezani. Mtu anayedhani kwamba kulikuwa na pande mbili safi, Wakristo huku na Mau Mau kule, na aanzie kwenye ukoo huo.

Hapo ndipo Njau aliingia na rangi zake.

Fikiria Karamu ya Mwisho ndani ya jengo hilo. Kwa Kiswahili tunasema kula kiapo. Wakikuyu husema kukinywa. Kiapo cha Mau Mau kilikuwa na nyama ya mbuzi na damu yake. Na jibu la Ahonoki waliokataa lilikuwa moja, linasimuliwa mpaka leo: nimekwisha kunywa damu ya Kristo, siwezi kunywa nyingine. Watu walikufa kwa sentensi hiyo. Katika makanisa mengine ya dunia, mchoro wa Karamu ya Mwisho ni pambo la kawaida, mtu hupita chini yake akienda kutoa sadaka. Murang'a ni mchoro wa jambo lenyewe lililogombaniwa. Wanaume Waafrika wameketi pamoja, wanakula na kunywa, na kwa tendo hilo wanafungwa wao kwa wao kwa agano litakaloongoza kwenye kifo. Mtu aliyekaa benchini mwaka 1959, awe amekula kiapo au amekikataa, hakuhitaji mahubiri ya kumweleza agano ni nini. Alichohitaji kujiuliza ni agano lipi, na damu ya nani.

Au Gethsemane. Tunaisoma kila Juma Kuu: usiku, marafiki wamelala, msaliti anakuja na kundi lenye mienge. Katika Hali ya Hatari, upande mmoja ulikuwa na hadithi zake za usiku, mlango unagongwa, Mkristo anatolewa nje na hakuonekana tena. Upande wa pili nao ulikuwa na zake. Aprili 1954, katika msako mkubwa wa Nairobi, watu walipitishwa mbele ya watoa habari waliovikwa magunia usoni, wakiwa wametobolewa matundu ya macho tu. Wakikuyu waliwaita gakunia, kigunia. Gunia likitikisa kichwa, umekwenda. Kuna Yuda wa busu, na kuna Yuda ambaye hata uso wake hukuuona. Mjane wa mlokole na mjane wa mpiganaji wangeweza kuketi chini ya mchoro mmoja wa Gethsemane na kila mmoja akamwona mumewe. Sijui kanisa lingine katika Afrika Mashariki ambapo mchoro mmoja umebeba mzigo wa namna hiyo.

Na msalaba. Tumezoea kusahau kwamba msalaba ulikuwa chombo cha serikali. Yesu hakuuawa na wezi njiani. Alihukumiwa na liwali wa dola la kigeni, akauawa na askari wake, pamoja na watu wawili walioandikwa kuwa wahalifu. Mwaka 1959, mwili wa Mwafrika aliyehukumiwa na kuuawa mbele ya vilima vya Kikuyu haukuwa fumbo. Kanisa lilitaka ukumbusho wa Wakristo waliouawa na Mau Mau. Lilipata picha ambamo, ukiitazama sawasawa, aliyenyongwa na serikali naye ana mahali pa kusimama. Sisemi kwamba Njau alikusudia hivyo. Nasema michoro inasema hivyo ikiwa ndani ya jengo lile, na kwamba hilo ndilo linaloifanya kuwa kubwa kuliko sababu ya kujengwa kwa jengo lenyewe.

Kiswahili kinatusaidia hapa kuliko lugha nyingi. Shahidi ni aliyeuawa kwa ajili ya imani, na shahidi ni aliyeona jambo na kuitwa kulisema. Jiwe la msingi lilikuwa na maana ya kwanza. Michoro inashughulika na ya pili.

Hapa kuna jambo ambalo wanaozungumza juu ya sanaa na urithi hulipita juu juu. Njau hakuwa Mkikuyu. Urithi aliouchora haukuwa wake. Alizaliwa mwaka 1932 chini ya Kilimanjaro, katika nchi ambayo wamisionari wa Leipzig walifika mwaka 1893 na ambayo kanisa lake ni la Kilutheri, si la Kianglikana. Ni nchi ambayo swali la mila na Injili lilikuwa limejadiliwa kwa kina kabla yeye hajazaliwa: Bruno Gutmann, aliyekaa Old Moshi miaka mingi kuanzia mwanzoni mwa karne ya 20, alishikilia kwamba kanisa la Wachagga halina budi kusimama juu ya ukoo, ujirani na rika, kwa kuwa Mungu alikuwa amekwisha kuwafunga watu kwa vifungo hivyo. Unaweza kumlaumu Gutmann kwa kuupenda Uchagga wa zamani kuliko Wachagga wenyewe walivyoupenda, na wengi wamemlaumu. Lakini kijana aliyetoka katika mazingira hayo hakuhitaji kushawishiwa kwamba Yesu anaweza kuketi chini ya mgomba.

Basi mtu wa mlima mmoja alikwenda kuwachorea watu wa mlima mwingine. Kuna hatari katika hilo. Mgeni huona uzuri wa nchi kabla ya kuona kidonda chake, na mtu akitaka kuishutumu michoro ya Murang'a anaweza kuanzia hapo: kwamba vilima vinavutia mno kwa nchi iliyotoka kuchomwa. Shutuma hiyo nimeifikiria, na siwezi kuikataa yote. Hata hivyo mgeni alikuwa na kitu ambacho mwenyeji hakuwa nacho mwaka ule. Hakuwa na ndugu upande wa ngati, yaani walinzi wa serikali vijijini, wala hakuwa na ndugu msituni. Hakuna ukoo uliomdai. Mkikuyu wa Murang'a angechora uso wa Yuda, na kabla rangi haijakauka watu wangeanza kuulizana ni uso wa nani.

Kwa hiyo ninapata shida na jinsi neno "urithi" linavyotumika siku hizi katika mazungumzo ya sanaa, kana kwamba urithi ni sanduku lililo chini ya kitanda cha bibi, ukilifungua unatoa lubega na kibuyu na umemaliza kazi. Katika Biblia urithi ni ardhi, na ardhi inagombaniwa. Esau na Yakobo waliupigania wakiwa ndugu wa tumbo moja. Vita vya Murang'a navyo vilikuwa vya ardhi. Mchoraji anayeweka Kristo katika vilima hivyo hamvishi mavazi ya asili tu. Anamweka shambani kwa mtu, mpaka wa shamba ukiwa bado una kesi.

Miaka sita baada ya Murang'a, mwaka 1965, Njau na wenzake, miongoni mwao mwandishi Rebeka Njau, aliyekuwa mkewe, walianzisha Nairobi kituo cha sanaa kilichoitwa Paa ya Paa. Hapo sasa tunamwona mtu ambaye haishii kwenye rangi. Alichora, akafundisha, akaandika mashairi, akahubiri kwa namna yake. Na katika kituo hicho maonyesho ya michoro yalikaa pamoja na uchongaji, ushairi, tamthilia na ngoma, kama vile ambavyo vitu hivyo havikuwahi kutenganishwa katika ibada za mababu, wala katika ibada za kanisa la kale. Mkristo anayekwenda Jumapili kusikia neno, kuimba, kuona mishumaa, kusimama na kupiga magoti, haoni ajabu yoyote katika mchanganyiko huo. Wasomi ndio walioutafutia jina.

Jina la kituo lenyewe linataka kusomwa kwa Kiswahili. Paa ni yule mnyama mdogo mwenye miguu myembamba. Kupaa ni kuinuka juu, na kwetu sisi ni neno la Alhamisi ya Kupaa Bwana. Mwalimu wa sarufi angeshika kalamu nyekundu hapo, kwa kuwa paa ni mnyama, basi yeye "anapaa", na hiyo "ya" imetoka wapi? Lakini majina ya namna hii hayangoji ruhusa ya walimu. Nairobi ya wakati ule ilikuwa imejaa paa wa mbao, swala na twiga waliochongwa kwa mamia kwa mfano mmoja ili wauzwe kwa watalii. Ukimtazama paa wa dukani, mgumu, anayefanana na mwenzake wa kushoto na wa kulia, unaelewa kwa nini mtu angetamani kuona mmoja ameinuka na kwenda zake.

Na kwenye kituo hicho ndipo lilipojulikana neno la Njau ambalo limesafiri kuliko michoro yake: kwamba msanii asiige, maana kuiga humlaza Mungu usingizi.

Neno hilo linawashtua waumini, na wana haki kushtuka. Zaburi inatuambia mlinzi wa Israeli hasinzii. Lakini Injili nayo inatuonyesha Bwana amelala shetrini juu ya mto huku mawimbi yanaingia chomboni, na walioogopa ni wanafunzi. Nadhani Njau anasema habari zetu, si za Mungu. Anasema kwamba Muumba huumba kitu kipya, na mtu aliyeumbwa kwa mfano wake akikaa kunakili tu, anaishi kana kwamba Muumba amemaliza kazi na kwenda kupumzika. Kwa kanisa letu hilo ni karipio la haki. Ni mara ngapi tumeinua mahubiri mazima kutoka kwa mhubiri wa televisheni wa Marekani, mpaka na kikohozi chake?

Hata hivyo silikubali neno hilo lote. Wachongaji wa Kamba, hao hao waliojaza maduka ya Nairobi, walipataje ufundi wao? Inasimuliwa kwamba Mutisya Munge wa Wamunyu alijifunza uchongaji Tanganyika wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, akarudi nao nyumbani. Aliona, akaiga, akafundisha jirani zake, na vizazi vya watoto vikasomeshwa kwa karo iliyotoka kwenye mbao. Kuiga kulilisha watu. Imani nayo tuliipokea kwa kuiga: mtoto hupiga magoti kwa sababu mama amepiga magoti, na Paulo hakuona haya kuwaambia Wakorintho wamfuate yeye kama yeye alivyomfuata Kristo. Njau mwenyewe, ukiitazama michoro mitano ya Murang'a, alifuata mpangilio ambao kanisa la Ulaya limeuchora kwa karne nyingi: kuzaliwa, ubatizo, karamu, bustani, msalaba. Hakubuni mpangilio. Aliupokea kisha akauhamishia nchi nyingine, na kuuhamisha huko ndiko kulikofanya kazi ionekane mpya. Neno lake linafaa kuandikwa ukutani mwa karakana ya sanaa. Kwenye darasa la kipaimara ningeliongezea maelezo.

Desemba 1997 moto uliteketeza Paa ya Paa. Picha, vinyago na vitabu vilivyokusanywa kwa zaidi ya miaka 30 viliungua. Kituo kiliendelea baada ya hapo, kidogo kidogo, kwa ukaidi wa Njau na mkewe Phillda, lakini kilichoungua kilikwisha. Hapa kuna somo ambalo si la kiroho hata kidogo, na naliandika kwa ajili ya wazee wa kanisa: kazi kubwa ya Njau inayojulikana zaidi leo bado ipo kwa sababu kanisa liliitunza ukutani. Afrika Mashariki hatuna nyumba nyingi za kuhifadhi sanaa. Makanisa ndiyo makumbusho yetu tusiyoyaita kwa jina hilo, na kamati za ujenzi ndizo zinazotunza, au kuharibu. Najua usharika mmoja ambako ukuta uliochorwa na fundi wa pale pale ulipakwa rangi ya maziwa kwa ajili ya jubilei, ili upendeze kwenye picha. Hakuna aliyefanya kwa ubaya. Aliulizwa fundi rangi, hakuulizwa mchoraji, wala hawakuulizwa vikongwe waliokuwa wanaweza kutaja kila mtu aliyechorwa pale ni jirani gani.

Murang'a haikupakwa. Na wakati michoro ikikaa palepale, kumbukumbu iliyoizunguka imebadilika. Mau Mau waliendelea kuwa chama kilichopigwa marufuku kisheria hadi mwaka 2003, miaka 40 baada ya uhuru. Mwaka 2007 Dedan Kimathi alisimamishiwa sanamu katikati ya Nairobi. Mwaka 2013 serikali ya Uingereza ilitamka masikitiko yake na kukubali kuwalipa wazee 5,228 walioteswa jumla ya pauni milioni 19.9, na mwaka 2015 mnara wa kuwakumbuka walioteswa ukafunguliwa katika bustani ya Uhuru Park. Sasa ni wafu wa upande ule wenye majina na sanamu. Mashahidi wa Uamsho ndio wanaoanza kusahaulika, na kijana wa Kenya anayesoma historia shuleni anaweza kudhani kwamba kila aliyekataa kiapo alikuwa kibaraka. Mizani imegeuka, na upande uliokuwa juu umeshuka chini. Michoro haijalazimika kugeuka nayo. Yule aliye msalabani mle ndani hakuwahi kuwa wa upande mmoja, na sidhani kuna mnara mwingine wa vita vile unaoweza kusemwa hivyo.

Kuna kasoro moja ambayo siwezi kuiacha, ingawa sijui kama niiite kasoro. Michoro ni mitano na wa mwisho ni msalaba. Hakuna kaburi tupu, hakuna Mariamu bustanini, hakuna Tomaso. Mtu wa mahubiri angeharakisha kusema kwamba ufufuo ulikuja mwaka 1965 kwa jina la Paa ya Paa. Mimi sioni kwamba jina la kituo cha sanaa linaweza kubeba hilo, na sidhani Njau angetaka libebe. Pengine mwaka 1959, kabla hata Hali ya Hatari haijaondolewa, watu wakiwa wangali wanarudi kutoka vizuizini mmoja mmoja, msalaba ndio uliokuwa umbali wa mwisho ambao mchoraji mkweli angeweza kufika. Waliobaki wazima walikuwa bado hawajaamua kama watasalimiana sokoni.

Hivyo kila mwaka asubuhi ya Pasaka wakristo wa Murang'a huimba ufufuo katika chumba ambacho picha zake zinaishia Ijumaa. Kisha mlango unafunguliwa na wanatoka kwenda kwenye vilima vile vile.